Mgeni Aliyetoka Jumba la Jua

Muganza, tarehe 14 Agosti 2001

Yaya Shema, kaka yangu mkubwa,

Pokea salamu zangu katika jina la Bwana. Natumaini barua hii itakukuta mzima hapo Bukavu, wewe na mkeo Maman Véronique na batoto wote, na kwamba redio za watu bado zinaharibika, uzitengeneze nanyi mle. Sisi huku hatuumwi, ila mimi situlii. Hii ni barua ya tatu. Ya kwanza niliichana, ya pili niliisahau jikoni ikaungua pamoja na maharage. Jirani yangu Josiane anavuka mpaka kesho kuuza vitenge vyake, kwa hiyo hii lazima niimalize.

Kazi ni ileile: wali na maharage mlangoni pa kiwanda cha saruji, zamu moja ikitoka nyingine inaingia, na malori yanatutilia vumbi kwenye sahani. Bella wangu ametimiza miaka minane na ana mdomo kama wako.

Lile Jumba la Jua ulilomtungia mwaka wa tisini na sita, vita vilipoingia tukajificha siku tatu chini ya meza yako ya redio, bado lipo. Tena limekua. Unakumbuka ulivyomwambia: liko nchi ya Zubani, lina ghorofa mia saba, na paa la vioo linageuka kulifuata jua kutwa nzima. Kulivuka paa hilo ni safari ya siku tatu kwa miguu. Ndani migomba inaota kwa mwanga uliopitishwa kwenye mabomba, hakuna anayenunua makaa, wala mlangoni hakuna anayekudai kitambulisho. Alipomlilia papa yake aliyepotea siku zile, ukasema Cubaka ameajiriwa kule kuosha vioo. Kisha mimi nikavuka mpaka kuja huku, wewe ukabaki, jengo zima likaniangukia mimi. Kila Bella alipouliza swali, niliongeza ghorofa. Sasa yeye mwenyewe analichora kwa mkaa kwenye karatasi za mifuko ya saruji, na ukuta wetu umejaa. Ghorofa ya mia tatu na kumi na mbili ni shule ya mbuzi.

Yaya, kaa chini kwanza. Cubaka yu hai.

Alikuja Jumamosi saa za kubadilishana zamu, akasimama kwenye mstari na sahani kama wengine. Nilimpakulia bila kumtazama. Alionja, akasema bado ninazidisha chumvi. Hapo nikamtazama. Ni yeye, Shema, amekonda na anachechemea. Alisombwa na watu waliokimbilia msituni, akafika hadi Kisangani, akaugua, akabeba mizigo ya watu, na vita vikamfungia njia ya kurudi.

Nilimpeleka nyumbani. Bella hakumrukia. Alimkalisha kwenye benchi akaanza kumhoji, kama sisi tulivyohojiwa kwenye vizuizi: jina la babu, kilima ulichotoka, nani anakufahamu. Akamuuliza anaosha ghorofa ya ngapi, vioo viko vingapi, mlangoni yuko nani. Cubaka alinigeukia. Alisubiri nimsaidie, na mimi nikaangalia sufuria. Akajibu kwa upole kwamba hilo jumba halijui. Bella akaniambia, “Maman, huyu haiko papa. Hajui kitu.”

Hapa ndipo nilipoichana barua ya kwanza. Nilimwambia mtoto kwamba amesema kweli, kwamba huyu ni mgeni tu, ametuletea salamu za papa kutoka Jumba. Nilisema hivyo Cubaka akinisikia. Niliogopa Bella asije akaniona mwongo. Na nilikuwa na hasira, Yaya: miaka mitano nimemlilia, halafu anakuja na habari za chumvi. Yeye aliinama, akamwambia Bella kwamba ni kweli, papa yake anamsalimu sana, anakula vizuri. Kisha akauliza njia ya Kamanyola, avuke mpaka kurudi huko kwenu. Sikumzuia.

Hana mwingine Bukavu ila wewe, atafika kwako. Nilitaka kukuomba umfundishe ghorofa zote, hata shule ya mbuzi, ukiona amezishika umrudishe. Lakini jana Bella aliniuliza mgeni alitoaje salamu za Jumba wakati Jumba lenyewe halijui. Nikalia, nikamwambia yote. Hakunigombeza. Alibandua karatasi moja moja, akazikunja, akauliza yule papa alipita upande gani. Tangu hapo yuko barabarani, kila lori linalotoka mpakani analisimamia hadi abiria wa mwisho ashuke.

Basi usimfundishe kitu. Mwambie arudi hivyohivyo alivyo, na upesi, maana mtoto hali chakula.

Msalimu Maman Véronique, wapige batoto busu. Bwana awalinde katika siku hizi mbaya.

Ni mimi dada yako asiyetulia,
Gaudiose