Mirao Bado Yuko Darajani

Mama Atieno,

Jana nilifua lile blanketi zito la buluu, nikashindwa kulikamua. Nilishika pembe moja, nikatafuta wa kushika nyingine. Wewe ulikuwa unasokota kushoto, mimi kulia, maji yanatiririka mpaka kwa mlango wa keateka anayelinda ploti, naye anatupigia kelele. Sasa nimelianika hivyo hivyo. Linadondoka kama limetolewa mtoni, na kwa hii baridi ya Julai sijui litakauka lini. Ukungu umeshuka hadi kwa bomba. Ungekuwa hapa ungeuliza tena, "Hii baridi yenu, Mungu aliacha friji wazi?"

Chumba chako kimeingiwa na kijana wa bodaboda. Hana ubaya. Anasalimia, anafunga mlango. Pale ulipokuwa unauzia omena, vile visamaki vyako vikavu, bado pako wazi, na wateja wananiuliza mimi ninayeuza nduma hapo kando, ati yule mama wa omena ako wapi. Wengine nawaambia. Wengine nasema tu hayuko.

Wangui wangu anatembea. Ulimwacha akitambaa. Siku ya kwanza aliposhika njia alienda moja kwa moja hadi mlangoni kwako, akaupiga kwa kiganja. Nilimwacha apige kidogo.

Lakini ninakuandikia kwa sababu ya Kitabu.

Unakumbuka kilivyoanza. Tulikuwa tunakunja leso zilizokauka, wewe upande huu, mimi ule, na Atieno wako analia kwa sababu mvua imemkatizia mchezo. Ukaitazama leso, ukamwambia, "Nyamaza. Hiki ni kitabu kitakatifu cha nchi ya Orwe." Mimi nilicheka hadi nikaachilia pembe. Wewe hukucheka. Ukasema huko Orwe kitabu hakina wino. Akina mama wa kwanza walikifuma kwa ukungu, na maneno yanatokea ndani ya mkunjo pale tu watu wawili wamekaa pamoja, mmoja wa kusoma na mwingine wa kufungua. Anayesoma hafungui, anayefungua hasomi. Kuna mfalme aliyekiiba akajifungia nacho peke yake. Alifungua, akafungua, akaona kitambaa kitupu mpaka akazeeka. Atieno alimhurumia. "Si angeita tu mtu," akasema.

Tangu hiyo siku, jioni jiko likishika moto, wewe ulisoma na mimi nikafungua. Nangoja useme "Fungua," nafungua mkunjo mmoja, basi. Niliipenda hiyo kazi. Shule niliachia darasa la saba, na hakuna mtu alikuwa amewahi kunipa kitabu nikishike kwa heshima hivyo. Hata mikono nilikuwa nanawa.

Halafu kifua kikakubana. Jioni ya mwisho ulimfikisha Mirao, mlinzi wa Kitabu, katikati ya daraja la barafu, amekibeba mgongoni kama mtoto. Ukakohoa sana. Ukasema, "Tumwachie hapo. Nitamvusha kesho." Asubuhi tukakupeleka hospitali.

Mama yako alipokuja kukuchukua, alimchukua na Atieno. Ile leso niliitia kwa mfuko wa nguo za Atieno. Sikujua kama nafanya vizuri.

Juzi mama yako alinipigia simu. Sauti yake ni yako kabisa, nusura niangushe sufuria. "Yawa, Mama Wangui, huyu mtoto mlimfundisha nini huko? Anakunja kila kitu! Kitambaa cha meza, kilemba changu cha kanisa. Ananiketisha hapa, ananiambia, Dani, soma. Nisome nini mimi nyanya yake? Namwambia kitabu takatifu ni moja, ananiangalia tu. Sasa hata chakula hali vizuri. Ati kuna mtu kwa daraja anasikia baridi."

Nikakaa kitandani. Nilitaka kumwambia mimi si msomaji, mimi nilikuwa wa kufungua tu. Na nilikuwa nimeshajaribu, acha nikuambie ukweli. Jioni moja nilikunja shuka, nikafungua mwenyewe. Nikaona shuka.

Lakini nikasema, "Mama, nipatie mtoto."

Hata hakunisalimia. "Anti, Mirao amevuka?"

"Uko na leso?"

"Niko nayo."

"Umenawa mikono?"

Nikasikia miguu inakimbia, nikasikia maji, na mama yako huko nyuma, "Sasa maji ni ya nini tena!"

Nilifunga macho. Nikasoma kwamba Mirao bado yuko darajani, na barafu inalia chini ya miguu yake. Mwenzake aliyekuwa akimfungulia Kitabu amebaki nyuma, ukungu umemfunika, na Mirao anajua huyo harudi. Basi akaita, aliye ng'ambo, kama yuko mtu, anyooshe mkono. Hapo nikaishiwa. Kweli sikujua kinachofuata. Nikasema tu, "Fungua."

Nikadhani simu imekatika. Halafu nikasikia kitambaa.

"Nimefungua, Anti. Soma."

Na nikasoma, Mama Atieno. Sijui yalitoka wapi, lakini yalikuja. Mirao alipiga hatua, akapiga nyingine. Sikumvusha yote, nilimwachia mahali pazuri, karibu na ukingo. Tulipomaliza mama yako akarudi kwa simu, akauliza polepole, "Na yule mfalme mwizi, alikufa vipi?"

Nimemwambia nitamsomea Jumapili, wakitoka kanisani.

Nakuahidi hivi. Atieno hatafungua akose wa kumsomea, nikiwa na pumzi. Mirao atavuka. Na Wangui akipata nguvu mikononi nitampa pembe ya blanketi, nimwambie wewe sokota kushoto, huko ndiko alikokuwa anasokota Mama Atieno.

Sasa pumzika. Wamekulaza kwenye udongo wa kwenu, kwenye joto ulilokuwa unalilia kila asubuhi. Hii baridi tuachie sisi.

Ni mimi,
Mama Wangui