Kolamu ya Mmiliki

Jumanne, 2 Julai

Ng'ombe tena. Vumbi tena. Mwenzangu Gerald anabana hereni ya usajili sikioni, mimi napiga picha kwa simu, naandika namba, rangi, jike au dume, umri wa kukisia. Anayefuata. Koo limekauka. Upepo wa mwezi huu unaleta mchanga mpaka kwenye meno.

Leo tulikuwa kwa Mzee Yoeli. Zizi lake ndilo kubwa kuliko yote pale kijijini. Nimempa shikamoo, akanijibu "mbukwenyi" halafu akacheka nilivyobabaika. Mimi mtoto wa Kondoa, Kigogo changu kinaishia hapo hapo. Alikaa kwenye gogo, kila ng'ombe akitobolewa sikio na yeye anakunja uso. Nikamuuliza, babu, hawa wote wako? Akasema, "Andika ng'ombe, mjukuu wangu. Mengine tuachie wenyewe."

Nikaruka. Kolamu ya mmiliki nimeiacha tupu. Si kwake tu, kwenye mazizi mengi iko hivyo hivyo. Wazee hawapendi swali lile, na sisi tunakimbizana na jua.

Gerald kaimba njia nzima mpaka ofisini Area D huku anaendesha. Nilitamani nishuke nitembee.

Alhamisi, 4 Julai

Ofisini siku nzima. Bosi presha juu. Ripoti inatakiwa Jumatatu, kolamu ya mmiliki ina matundu kama chandarua cha bweni. Mafuta ya kurudi vijijini hakuna. Kasema tutajua wenyewe.

Halafu likanijia. Picha!

Watu wanadhani picha ni ile wanayoiona. Wapi. Ndani ya kila picha kuna maneno yamejificha: imepigwa na simu gani, siku gani, saa ngapi, na imepigiwa sehemu gani ya dunia. Hiyo ndiyo metadata. Habari za kitu, si kitu chenyewe. Nilijifundisha mwenyewe kwa video za simu, mwaka ule nilipofeli fomu foo nikawa nashinda ndani kwa dada, kule Nkuhungu, sitaki kuonana na mtu. Ikanishika akili. Ng'ombe bila metadata ni ng'ombe tu, kapotea kwenye kundi. Mpe namba, rangi, mahali, mwenyewe, halafu muite kwenye kompyuta. Anakuja peke yake!

Sasa. Picha inajua ilipigiwa wapi. Kila zizi tunajua liko wapi na mkuu wake nani. Naandika programu ndogo: angalia picha, tafuta zizi la karibu, chukua jina la mkuu wa zizi, jaza. Basi.

Sijanywa hata maji tangu mchana.

Ijumaa, 5 Julai

Imekubali! Imekubali jamani. Matundu yote yamejaa kabla chai yangu haijapoa. Bosi kasimama nyuma ya kiti changu, kasema, "Hawa, wewe ni mashine." Kasema mkataba wa mwaka mzima unakuja. Mimi! Gerald kanuna: "Sasa kukuona itabidi tuombe miadi."

Nimelala na nguo za kazini.

Jumatano, 17 Julai

Mzee Yoeli amefariki. Kifua, wanasema. Wamemzika Jumapili. Nimesikitika, ingawa nilimwona siku moja tu.

Mchana kaja mwanawe, Danieli. Anafanya kazi hapa mjini. Mpole, anaongea taratibu. Akaomba orodha ya ng'ombe za marehemu, familia igawane bila ugomvi. Kasema baba yake hakuwahi kuandika kitu, kila jambo lilikuwa kichwani, na sasa kichwa kimelala. Nikabofya jina. Wakaja wote, kila mmoja na picha yake. Nikachapa, nikagonga muhuri wa ofisi. Alinishukuru mpaka nikaona aibu.

Kusema kweli nilijisikia vizuri. Hii ndiyo kazi. Mtu amekufa, habari zipo.

Jumatatu, 22 Julai

Siku mbaya.

Nimekuta mama mmoja getini, mlinzi anasema yupo tangu kunakucha. Mama Roda. Katoka Kibakwe, mabasi mawili. Nikamuingiza, nikampa chai, hakuigusa. Akaanza kuongea polepole, na mimi mwanzoni nilikuwa najibu meseji kwa simu. Najichukia kwa hilo.

Ana ng'ombe watatu na ndama mmoja kwenye zizi la Mzee Yoeli. Wake. Amewawekesha. Nikamwambia sielewi, akanifafanulia kama anamfafanulia mtoto. Unachukua ng'ombe zako unampa rafiki wa mbali awafuge. Yeye anakamua, anakunywa maziwa, wewe ng'ombe anabaki wako, na akizaa ni wako. Ukame ukipiga huku, wa kule wanapona. Ugonjwa ukiingia, hawafi wote. Na hakuna anayejua isipokuwa ninyi wawili. Yeye aliwapeleka usiku ule ule wa arobaini ya mumewe, maana shemeji zake walishaanza kuzunguka zizi wakinong'ona. Ndicho alichobaki nacho. Hana kingine.

Alikwenda kuhani msiba wa Yoeli. Kisha akataja ng'ombe zake. Danieli, kwa heshima zote, akamtolea karatasi yangu. Jina lako halimo, mama.

Akaniuliza, "Binti, nani aliwaambia wote ni wa Yoeli?"

Nikasema ni mfumo. Nilisema hivyo, mimi.

Akasema, "Nipeleke kwake basi, nikaongee naye."

Gerald alicheka kule mlangoni. Mimi nilitaka ardhi inimeze.

Jumanne, 23 Julai

Nimepitia jedwali lote. Kwa kulitazama tu siwezi kujua. Hapo ndipo penye ubaya wenyewe. Jina alilolitaja mtu kwa mdomo wake na jina lililojazwa na programu yangu yanafanana kabisa. Kwenye kolamu yamekaa bega kwa bega, yote yamevaa suti.

Picha ilisema ukweli: ng'ombe huyu alisimama hapa. Mimi nikaigeuza ikawa: ng'ombe huyu ni wa huyu. Nani alinituma?

Nikamuuliza Gerald kama alikuwa anajua mambo ya kuwekesha. Kwao Manyoni. Akasema kila mtu anajua, hata mjomba wake ana ng'ombe kwa watu watatu na mkewe hana habari. Kwa nini hukuniambia? "Uliniuliza? Ulikuwa unashangilia laptop."

Nimefunga laptop.

Jumatano, 24 Julai

Nimemwambia bosi. Nimemwambia yote, mpaka programu inavyofanya kazi. Alisikiliza na kalamu mdomoni. Halafu: ripoti imepokelewa, imesifiwa, tusiguse kitu. Ng'ombe ni wa pale anapolala. "Unataka tuonekane tulipika data?" Nikasema tulipika, bosi. Nilipika mimi. Akaniambia nikanywe maji, nirudi kesho na akili zangu, mkataba uko mezani.

Nywila ya mfumo ninayo. Kubadilisha jina la mmiliki ni sekunde. Nilikaa na kidole juu ya kitufe wakati wenzangu wako chakula.

Sikubonyeza. Si uoga tu. Orodha za wamiliki zinabandikwa ofisi ya kijiji cha kila mmiliki. Nikiandika Mama Roda, Kibakwe, itabandikwa Kibakwe. Shemeji zake watasoma wakienda kuchota maji. Nikimwacha Yoeli, Danieli anagawa. Kulia shimo, kushoto shimo. Na ningekuwa najaza tena kitu cha mtu bila kumuuliza mwenyewe.

Nimechoka kuliko nilivyochoka kukimbiza ng'ombe.

Alhamisi, 25 Julai

Nimempigia Mama Roda. Nikamwambia mfumo ni mimi. Nikamweleza njia zote mbili na ubaya wa kila moja, nikamuuliza anataka nini. Nasikia kuku. Akasema, "Nitakupigia." Akakata.

Jumamosi, 27 Julai

Mama Roda kapiga jana, kaniita, nimekwenda. Gerald kanipeleka kwa pikipiki ya kaka yake, kagoma kuchukua hela ya mafuta, kasema anataka kuona sinema.

Mama Roda aliitisha kikao mwenyewe, nyumbani kwa marehemu. Danieli na mama yake, wazee wawili wa ukoo. Na shemeji mmoja kutoka Kibakwe! Kamwalika yeye mwenyewe. Nikamvuta pembeni, nikamwambia mama, huyu si ndiye? Akasema, "Huyo huyo. Nimeficha ng'ombe mpaka nimekaribia kuwapoteza kwa kuwaficha. Leo nitawasema kwa mdomo, mchana, na yeye akiwepo." Khanga kajifunga kiunoni kama anaenda kulima.

Akasema. Mmoja mmoja, rangi na mama yake aliyemzaa. Danieli akainua karatasi. "Shangazi, mimi sibishani na wewe. Nabishana na hii. Ina muhuri."

Wakanigeukia. Nikasimama. Nikasema namba ni za kweli, picha ni za kweli, mahali ni pa kweli. Jina la mmiliki hakuna mtu aliyelitaja. Nililijaza mimi kwa kompyuta, nimekaa Area D, kwa sababu ng'ombe walisimama hapa. Mzee sikumsubiri anijibu.

Danieli: "Kwa hiyo muhuri wako ni wa nini?"

Nikasema nisamehe kaka.

Mama yake akamwambia kwa sauti ya chini, "Danieli. Kaburi la baba yako bado bichi, unataka watu waseme alikula vya mjane?" Danieli akaikunja karatasi. Akaikunja tena. Akasema wachukue.

Wachukue wawili na ndama. Wa tatu hayupo. Ameuzwa mnadani juzi. Pale mnadani walitaka uthibitisho wa hereni, wakaonyeshwa karatasi, muhuri, wakaruhusu. Danieli kaahidi mtamba badala yake. Mama Roda akasema tu, "Yule alikuwa na mimba."

Shemeji mtu aliegemea ua akiangalia wale wawili na ndama. Aliangalia sana.

Kurudi, Gerald hakuimba.

Jumatatu, 29 Julai

Nimefanya. Asubuhi kabla bosi hajafika. Nimefungua historia ya programu yangu, inayoweka kumbukumbu ya kila ilichogusa, kila mstari ilioujaza nimeufuta jina na kuandika: haijaulizwa. Kisha nikaongeza kolamu mpya pembeni ya mmiliki. Nimeiita: nani alisema. Kwa ng'ombe za Mama Roda nimeandika mwenyewe, mbele ya kikao, maana aliniambia niandike. Kwingine tupu. Tupu sana. Jedwali limerudi kuwa baya kuliko siku ya kwanza, na ni mara ya kwanza naliamini.

Nikamwandikia bosi barua pepe nini nimefanya na kwa nini.

Hakupiga kelele. Ningependa apige. Aliomba funguo, kitambulisho, laptop, akabadilisha nywila nikiwa nimesimama pale. "Ulikuwa na kipaji, Hawa." Ulikuwa. Kana kwamba nimekufa.

Nimelia kwenye bajaji. Dereva kaongeza redio, kwa wema.

Jumatano, 31 Julai

Nimeamka jua limeshapanda. Dada kaenda sokoni. Nimefua nguo zote za kazi, maji ya kwanza yakatoka mekundu, ya pili pia.

Gerald kapita. Wakubwa wameona zile "haijaulizwa" na wametaka watu warudi vijijini wakaulize. Bosi anatafuta vibarua wanaojua njia za mazizi. Posho ya siku, mkataba hakuna. Gerald kataja jina langu. Sijui kama nitaenda. Labda. Leo siwezi kufikiri.

Jioni Mama Roda kapiga. Mtandao mbovu. Kasema tu wamefika salama, ndama kachoka lakini ananyonya. Wamehamishwa jana alfajiri, kwa mtu mwingine. Kijiji hakukitaja, na jina la mtu hakulitaja. Akaniuliza kama nimepata kazi, nikasema bado, akasema pole mwanangu.

Kwenye mfumo bado wanalala kwa Mzee Yoeli.

Nimeanua nguo. Zimekauka zote.