Dakika Nne za Ngoma

Ibra, 11 Novemba 1999

Kaka yangu Nasor,

Shikamoo. Niwie radhi, barua zako tatu zimekaa bila jawabu. Pacha wanaota meno, wanapokezana kulia, na kalamu nikiishika mmoja anaitaka. U hali gani huko Munich na baridi hiyo? Sisi huku Uarabuni alhamdulillah, na Mama kifua kimepoa.

Kila barua waniuliza habari za Bwana Ziese wako, nami nimechoka naye wallahi, na mtu mwenyewe keshakufa. Nayajua yote: baada ya vita alibeba taa za wapiga senema, akapanda mpaka akawa mwongozaji, akatoa senema sita za milima na madaktari, watu wakajaa. Ya saba akenda kuipiga Unguja mwaka hamsini na nane, ikaanguka, vijana wa kwao wakamcheka, akamalizia umri wake kwenye matangazo ya sabuni. Hayo ndiyo unayoyaandikia shahada. Mjane wake akakupa kanda ya video, ya pekee, ya hiyo senema ya Unguja, nawe ukaileta kwangu ili Mama ataje watu waliomo.

Kawataja wote, majina nimeyaandika nyuma ya karatasi hii. Kasema Ziese alikuwa mpole, akiomba radhi kabla ya kuwasha taa. Ilipofika ngoma ya harusi Mama akajiona ana miaka kumi na saba, kichwa wazi, anacheza. Akaniambia, "Mwanangu, nirudishie." Tulirudisha mara tano.

Sasa waitaka kanda. Basi sikiliza. Mama mkwe wangu, Bi Ghanima, alisikia ndani mna Unguja ya zamani, akaiomba waitazame Ijumaa, yeye na wajomba wa mume wangu Turki. Kumnyima mkwe siwezi. Wanaume wamtazame Mama kichwa wazi, siwezi vilevile. Pale pa ngoma nikarekodi juu yake mbio za ngamia za televisheni. Dakika nne. Wajomba walicheka, wakasema Mzungu huyu kazi haijui.

Mama hajui. Akiuliza kanda, namwambia mashine ya video mbovu. Nimekuharibia wewe, na Ziese, na yeye zaidi. Lakini kumfunika ningemfunika tena. Ila ningenakili kwanza.

Turki anakusalimu, na Mama anakuombea dua kila sala.

Nduguyo,
Mahbouba

Vya kuletewa: dawa ya fizi, chupa mbili. Jawabu la mjane, kama mikanda yenyewe ya senema bado anayo. Akiwa nayo, dakika zile nne za ngoma kwenye kanda ya peke yake, uifunge ndani ya nguo za watoto, kwa jina langu, si la Turki. Na barua yako kwa Mama, usitaje kuwa mashine ni nzima.