Ukurasa Niliouchana

Maman Mshauri,

Nimechana ukurasa wa kitabu cha parokia na hakuna mtu anayejua, hata mama yangu, naomba unisaidie kabla ya Alhamisi ijayo. Nimemaliza sekondari mwaka huu wa 2001 na padri aliniomba nifundishe Kiingereza wamama sita wa soko la Kamembe, kitabu ni kimoja tu. Tulifika ukurasa wenye neno than, ambalo ni kama kuliko yetu, unapolinganisha kikubwa na kidogo, nikasema kila mmoja atunge sentensi. Maman Mukagasana akasema samaki wa Maman Nzigire ni wadogo kuliko wake, tukacheka, maana wanauza sambaza, dagaa wa ziwa letu, meza moja. Kisha Maman Nzigire, aliyetoka Bukavu baada ya bwana yake kuuawa vitani, akasimama akasema kwa Kiingereza kizuri kwamba huzuni yake ni kubwa kuliko ya Maman Mukagasana, ambaye watoto wake wanne waliuawa mwaka 1994. "Yako ni ya zamani," akaongeza kwa Kiswahili, "yangu ingali mbichi."

"Ulipima na mizani gani?" Maman Mukagasana akauliza. "Batoto yangu bane ulibaweka upande gani?"

Mimi huogopa kusema mbele ya watu wazima, nikafuta ubao. Juma lile kila mmoja wa wale wawili aliuza peke yake. Nikachana ukurasa, nikauficha ndani ya Biblia yangu, na somo lililofuata nikawaambia neno lile Waingereza wameacha kulitumia, ni la zamani. Wakaniamini. Taratibu wale wawili wakarudi kukaa benchi moja, na Maman Nzigire anajisifu sokoni, "Sisi tunasoma Kiingereza ya kisasa!" Sasa shirika moja linatafuta mtunza ghala, mtihani ni Alhamisi hiyo, kueleza kwa Kiingereza gunia lipi ni zito kuliko lipi, na yeye amejiandikisha, ana watoto watatu. Nikisema ukweli nitawagombanisha tena, nikinyamaza atashindwa kwa sababu yangu. Usichapishe jina langu, na tafadhali jambo hili libaki siri yetu.

Mwalimu mdogo, Kamembe

*

Mwanangu,

Jina lako sikulichapisha. Siri yenyewe siwezi kukutunzia, maana nusu yake ni ajira anayoitafuta Maman Nzigire.

Ulitaka amani, naelewa. Lakini ulidhani neno ndilo liliwagombanisha? Kuliko wanalo kwa Kiswahili, kuruta wanalo kwa Kinyarwanda, na huko hukuchana kitu. Wamama hao wamevumilia makubwa. Aibu yako wataivumilia pia.

Leo hii nenda mezani kwa Maman Nzigire umwambie, "Nilikudanganya, neno lile linatumika." Usizunguke. Akikugombeza, pokea. Kisha mfanyishe mazoezi ya magunia, mazito na mepesi, kila siku mpaka Alhamisi. Darasani rudisha ukurasa, na ubebe gundi. Mmoja akitaka kupima huzuni tena, sema sentensi haina kosa ila darasa halina mizani hiyo, halafu ukae kimya. Ubao usiufute.

Na somo hukulimaliza. Neno hilo halipimi tu, huchagua pia: mtu husema angependa kukaa na mwenzake kuliko kukaa peke yake. Wamama wako walipoamua kurudi benchi moja walikuwa wameshaitunga sentensi hiyo. Wafundishe kuiandika.