Mkwe Aliyeingia Jikoni

Nachingwea, Alhamisi, 1952

Kovu la shavuni ni lake. Sauti ni yake. Hata namna ya kuvua viatu mlangoni ni ya mume wangu. Lakini mume wangu hawezi kuingia jikoni kwa mama.

Leo ameshuka kutoka kwenye mnara, ule ambao taa yake huwaongoza wasafiri wanaokwenda dunia nyingine na kurudi. Alikuwa amepeleka karanga huko. Nikamshukuru Mungu, nikabandika maji ya kuoga. Nageuka, namwona kakaa na mama kando ya mafiga, wanacheka, wanakula muhogo katika sahani moja!

Mkwe huyu huyu, miaka yote, akikutana na mama njiani huingia majanini wasitazamane usoni, kama mila yetu inavyotaka.

Nimemwita pembeni. "Umekula na mkweo?"

"Si ninakula naye kila siku?" akanijibu, kama vile mimi ndiye mgeni.

Wenye mnara wanasema taa haikosei, kila mtu hurudi kwao. Wanasema tu. Nani amewahi kuwakagua hao wanaorudi? Na kama huyu si wangu, basi wangu yuko...

Mama hana wasiwasi. "Mwache, mwanangu," kasema. "Huyu angalau amenisalimia."

Naandika nimeketi ukingoni mwa kitanda. Nilidhani amelala. Kumbe alikuwa ananitazama muda wote, na sasa hivi ameniuliza kwa upole:

"Mke wangu, tangu lini unajua kuandika?"