Kuitwa Mezani

Saint-Denis, 8 Oktoba 1972

Mama mpendwa,

Nibariki, Mama. Natumai barua hii inakukuta mzima, miguu haikusumbui, na mbuzi wako bado mkorofi vile vile. Mimi na Adelino hatujambo, tunamshukuru Mungu, ila baridi imeanza mapema na chumba chetu kinavuja upande wa dirisha.

Nina ombi la aibu. Nilipovuka milima kuja huku Ufaransa nilijua kufua, kudarizi na kukamua. Kupika ulisema nitajifunza nikipata mume. Mume ninaye tangu Mei, na mpaka leo namlisha viazi. Anatoka kwenye mjengo amechoka hoi, anaitazama sahani, anasema, "Graciete, nikila kiazi kimoja zaidi nitachipua masikioni." Nacheka, lakini moyoni naumia.

Sasa nimegundua kwamba mwenye bucha wa mtaani anauza shingo, mabawa na migongo ya kuku karibu na bure, kwa kuwa Wafaransa wanataka paja na kidari tu. Mchele nao si ghali. Niandikie ule wali wako wa kuku wa Jumapili, ule wa rojorojo. Usiruke hata kile unachodhani nakijua, maana sikijui.

Mwanao akupendaye,
Graciete

*

Covas da Serra, 19 Oktoba 1972

Mwanangu Graciete,

Mungu akubariki. Barua yako imenikuta mzima, miguu inauma kama kawaida yake, na mbuzi amekula soksi ya padri ikiwa kwenye kamba. Padri hajui bado.

Maskini Adelino! Nimemjua yule tangu akiwa mtoto wa mwenye kinu cha kusagia pale ng'ambo ya mto, hakuna kilichomshinda kula, na wewe umemfikisha mahali pa kukimbia kiazi. Sikiliza basi.

Shingo na migongo ndiyo yenyewe, utamu wote uko mifupani. Ipake chumvi, kitunguu saumu na tone la siki tangu asubuhi. Kaanga kitunguu kwa mafuta ya zeituni mpaka kilegee, taratibu, usikimbizane nacho. Tia kuku, mgeuze apate rangi, halafu nyanya, divai kidogo, na lile jani kavu la harufu nililokufungia kwenye leso. Maji ya moto, mengi. Nyama ikianza kuachana na mfupa, tia mchele: kikombe kimoja kwa vitatu vya mchuzi. Onja. Usifunike, wala usikorogekoroge. Uepue ungali unaogelea.

Na sasa la muhimu. Wali huu hausubiri mtu. Ukikaa kidogo unakunywa mchuzi wote unakuwa tope. Kwa hiyo kabla hujapakua, simama mlangoni mwa jiko uite kila mtu kwa jina lake, kuanzia mkubwa, kama nilivyokuwa nikiwaita ninyi, na kama bibi yako alivyokuwa akituita sisi. Jina likishaitwa, sahani yake lazima ipakuliwe. Usiniulize kwa nini, ndivyo tunavyofanya.

Mimi bado napika kila Jumapili. Usinionee huruma eti niko peke yangu.

Mama yako,
Custódia

*

Saint-Denis, 12 Novemba 1972

Mama mpendwa,

Nibariki, Mama. Sisi wazima wa afya, natumai nawe pia, na padri amesamehe.

Wali umetoka! Adelino alinyonya zile shingo mpaka zikang'aa, kisha akanibusu na mdomo wa mafuta mbele ya jirani. Tangu hapo tunaula kila Jumapili, na mwenye bucha ananiwekea migongo bila kuuliza.

Lakini kuna jambo, na usinicheke. Ile Jumapili ya kwanza nilisimama mlangoni mwa jiko kama ulivyosema, na mdomo ukaenda wenyewe ulikozoea. Nikaita, "Baba! Baba Belmiro! Wali tayari!" Adelino akageuka akanitazama. Mimi nikabaki na mwiko mkononi. Unajua sikumzika Baba. Mwaka ule alipofariki sikuwa na karatasi za kuishi huku. Ningerudi, mpakani wangenishika. Kwangu mimi bado yuko shambani, amechelewa kurudi tu. Basi nikampakulia, kwa sababu ulisema jina likiitwa sahani ipakuliwe.

Tulipomaliza, wali wa ile sahani ya tatu ulikuwa pale pale, haujapungua hata punje. Ila ulikuwa umelazwa kwa mgongo wa uma, tambarare kabisa, vile Baba alivyokuwa akiupoza. Si mimi niliyeulaza. Adelino aliuonja akautema. Hauna ladha, Mama. Chumvi hakuna, kitunguu saumu hakuna, ni kama kutafuna pamba. Na ule uliobaki sufuriani ulikuwa mtamu.

Jumapili iliyofuata nilimwita kwa makusudi. Kiti kilivutwa. Nimekisikia mimi, na Adelino amekisikia. Chumba kikanuka moshi wa kuni na udongo uliotoka kulimwa, nasi tuko ghorofa ya nne. Adelino anatania, eti wanaume wengine wanakimbia mama mkwe, yeye baba mkwe kamfuata mpaka Ufaransa bila pasipoti. Anatania, lakini siku hizi anakaa kiti cha karibu na mlango.

Naogopa, Mama. Na nina furaha pia, sitakudanganya. Nifanye nini?

Mwanao,
Graciete

*

Covas da Serra, 22 Novemba 1972

Graciete,

Mungu akubariki. Mimi si mzima.

Kumbe yuko kwako! Jumapili baada ya Jumapili napika, nasimama mlangoni, namwita Belmiro mpaka jirani ananifungia dirisha, na haji. Nikadhani nimemkosea. Nimepiga nyumba chokaa. Nimemnunulia ile divai yake nyeusi. Nimemwomba radhi kwa mambo niliyomwambia kabla hujazaliwa. Kumbe bwana mkubwa yuko Paris, anakula shingo!

Sikukuambia kwa sababu kuna mambo hayaandikwi. Tangu tulipomzika, mpaka hivi majuzi, kila Jumapili namwita naye anakuja. Hasemi neno. Anakaa, analaza wali wake, mimi namsimulia habari za wiki. Hiyo ndiyo ndoa iliyonibakia. Wewe una mume hai, anakoroma, anachafua mashati. Mimi ninaye mmoja, naye ni marehemu, na huyo huyo umenichukulia.

Nisamehe. Nimeandika kwa hasira, lakini sifuti.

Nirudishie baba yako. Si kazi ngumu. Jumapili upike kama kawaida. Yeye usimwite, ila umwite Adelino, kwa sauti, jina lake lote, ndipo upakue. Mezani anabaki aliyeitwa. Asiyeitwa anajua hapo si kwake, anainuka, anaondoka. Fungua mlango umpishe. Na usilie, maana ukilia hatakwenda.

Mama yako,
Custódia

*

Saint-Denis, 3 Desemba 1972

Mama mpendwa,

Nibariki, Mama, na unisamehe. Natumai umepata nafuu.

Barua yako ilifika Jumamosi, na kesho yake nilimwita tena. Nilitaka kumuaga. Nilimweleza yote, safari ya milimani, harusi yetu ya watu watano, na kwamba nilipopata habari ya msiba nilikuwa napiga deki kwa watu na sikuruhusiwa kukaa chini. Nililia sana. Wali ulilazwa vizuri kuliko siku zote.

Leo nimefanya ulivyosema. Nimepika, nimesimama mlangoni mwa jiko, na nikahisi nikifungua mdomo hata kidogo, "Baba" litatangulia kutoka. Adelino alikuwa ameshakaa mezani, anamenya chungwa juu ya gazeti. Nikajiambia, mtu aliyekwisha kaa namwitia nini tena? Nikaubana mdomo. Sikumwita mtu yeyote. Nikafungua mlango, nikapakua kimya kimya.

Kiti kikasukumwa nyuma. Ile harufu ya udongo ikanipita shavuni, ikashuka ngazi. Sikulia, Mama, namshukuru Mungu. Basi Adelino naye akainuka, akaenda mpaka mlangoni, akasimama kutazama chini.

"Wee, unakwenda wapi?" nikamuuliza.

"Hata sijui," akasema. "Miguu imeniinua tu."

"Rudi ule, wali unageuka tope."

Tukacheka, akarudi akala. Ila aliniuliza kama leo nimesahau chumvi, na mimi nilikuwa nimeiona sawa kabisa.

Kesho Adelino anahamishiwa kazi kwenye mjengo mpya, ghorofa nyingi, upepo mtupu. Niandikie Baba akifika salama.

Mwanao,
Graciete

*

Covas da Serra, Jumapili, 10 Desemba 1972

Graciete mwanangu,

Mungu akubariki, na akubariki tena. Leo sina nafasi ya salamu.

Barua yako niliisoma jana. Nilipofika pale uliposema hukumwita mtu yeyote, niliurudia mstari huo mara tatu. Nilikuambia umwite Adelino! Halafu nikajituliza, nikasema ni woga wangu wa kizee tu, mtu yuko kwenye kiti chake mbele ya mkewe, atapotelea wapi.

Leo nimepika. Nimesimama mlangoni nikamwita Belmiro, mara moja. Wameingia wawili.

Baba yako amekaa pake. Nyuma yake Adelino, na nguo za kazi, vumbi la saruji mpaka kwenye kope, kiatu kimoja mguuni, kama mtu aliyeanguka kutoka juu. Amekaa kwenye kiti chako. Hakunitazama. Alikuwa anaitazama sufuria kwa njaa ambayo sijawahi kuiona usoni mwa mtu. Na baba yako, ambaye maisha yake yote hakumgawia mtu chakula chake, akamsogezea sahani.

Niliinyakua, Graciete. Nimeumwaga wali wote motoni, na ule wa sufuriani juu yake. Adelino hajala. Hata punje moja hajatia kinywani, nilikuwa namwangalia mkono. Aliyekula sahani ya marehemu ndiye wa kwao. Yeye bado.

Sijui yuko wapi unaposoma haya, hospitalini au kitandani kwenu, wala sijui madaktari wanasema nini. Wasikucheleweshe. Asubuhi nitakwenda mjini kupiga telegramu, lakini jambo hili halienei kwenye maneno kumi, na karani atadhani nimerukwa na akili. Ukipata barua hii, pika. Kama kuna mifupa tia mifupa, kama hakuna, mchele na kitunguu vitatosha. Beba sufuria mpaka alipolala, funua kifuniko, harufu imfikie. Kisha mwite. Adelino, jina lake lote, la baba yake na la mama yake. Wakikufukuza, mwitie dirishani.

Baba yako usimwite tena. Na mimi simwiti tena. Nikimwita yeye mlango unafunguka, na Adelino anapata wa kumfuata. Nimempenda Belmiro miaka thelathini na tano, hai na marehemu, na leo nimemwambia aende. Amenitazama kwanza kama hakusikia. Kisha ameinuka akatoka, na nimeweka komeo.

Baba yako ameshatokomea kwenye njia ya makaburini. Adelino bado yuko nje. Namwona dirishani nikiandika, amesimama barabarani na kile kiatu chake kimoja, anageuka huku, anageuka kule, hajui ni nani wa kumwendea.

Mwite, mwanangu.

Mama yako,
Custódia