Kivuli Kisicho na Mlango

S.L.P. 27,
Kanyangi, Kitui.
6 Novemba 1986

Mpendwa Mama mdogo Kavata,

Ndiyo, Mama amekuja! Nimelijibu swali lako kabla ya salamu, nawe utasema ndoa imeniharibia adabu. Basi hujambo? Kifua kimepoa, au vumbi la huko Voi bado linakusumbua? Mimi ni mzima, tena nimenenepa. Muthama naye ni mzima. Bado anaimba akinawa uso asubuhi, nami bado nasimama mlangoni kumsikiliza kama mtu asiye na kazi.

Unakumbuka siku ya harusi Mama alisema hatakanyaga kwangu, kwa kuwa hawezi kuingia nyumba ya mkwe wake. Ndiyo heshima yetu, sikubishana naye. Lakini niliwaza, akitoka Mukuyuni kote huko, atakaa wapi? Boma letu ni jipya, halina hata mti mmoja, na jua la hapa unalijua. Nilikuwa nalia kidogo nikipika, nikisingizia moshi. Muthama aliona. Jumamosi moja akachukua mtaimbo, akaanza kuchimba mashimo nyuma ya nyumba.

Turubai alipewa na Bishar, yule mfanyabiashara wa mbuzi wa Kwa Vonza aliyekuja harusini na familia yake. Lilikuwa la lori lake. Nimelifua mpaka mikono ikachubuka na bado linanuka beberu ukilisogelea.

Nguzo nne alizibabua vitako motoni ili mchwa wasizile, akazishindilia kwa mawe na udongo. Lakini zote aliziinamisha kwa nje! Nilinyamaza, ingawa moyoni niliona aibu. Jirani yetu Ndululu hakunyamaza.

“Muthama, hata nguzo zako bado zimelewa harusi?”

“Ngoja nikaze kamba, mzee, ndipo uone nani amelewa.”

Alipokaza kamba, turubai likazivuta zote kwa ndani, zikasimama wima, kila moja ikiishikilia nyingine. Pembe moja ameishusha ili maji ya mvua yaingie kwenye pipa. Mama mdogo, nilisoma mpaka kidato cha nne na sikuwahi kufundishwa kwamba mgongo wa mtu anayevuta kamba unaweza kupendeza hivyo!

Mama alifika Jumanne, na kikapu cha mbaazi. Alisimama juani, akakizunguka kile kivuli pole pole, akigusa nguzo moja moja. Angesema ni nyumba, angegeuka na kurudi stendi.

“Hii ina mlango?”

“Haina, Mama.”

“Ukuta je?”

“Hauna hata mmoja.”

“Basi si nyumba,” akasema, akavua viatu, akaketi.

Hata sasa nikiandika machozi yananilenga. Tulichambua mbaazi mpaka jioni. Muthama aliporudi alisimama mbali, akamsalimia akitazama mbuzi. Mama aliitikia akitazama sufuria. Halafu akaniambia, kwa sauti ya kusikika hadi barabarani, “Mwambie huyo bwana kamba ya upande huu imelegea.”

Muthama yuko hapo hapo! Nikamwambia hivyo hivyo, neno kwa neno. Akaenda akaikaza, uso ameugeuza.

“Mwambie imetosha,” Mama akasema. Kisha, taratibu, “Mwambie amefanya vizuri.”

Usiku Mama alilala kwa jirani yetu Syokau, na asubuhi nilimkuta amekwisha kurudi kivulini, anachemsha uji kama yuko kwake. Muthama alipitia nyuma ya choo kwenda kazini, akitabasamu peke yake. Nilimpenda upya.

Mvua ya kwanza imenyesha na nguzo hazijatikisika.

Mama anakusalimu sana. Msalimie baba mdogo Mutunga, na wale mapacha wabusu mashavu yote manne. Mungu awalinde na kuwapa mvua ya kutosha huko kukavu.

Nawe pia ni mama mkwe wa Muthama, usisahau. Mama amekubali kusafiri nasi kuja huko Voi, yeye akae nyuma ya basi na Muthama mbele, nami nipeleke maneno katikati. Kwa hiyo usihangaike kutupangia vyumba. Mwombe baba mdogo atafute nguzo nne tu, turubai tutabeba. Kabla mwezi huu haujaisha tutakuwa uani kwako.

Mwanao mwenye furaha isiyokunjika ndani ya bahasha,
Mumbua wa Muthama